Kalenda Yako ya Kupatwa Haiendi? Dalili na Vyanzo Vyake

Watandui hawana Januari wala Muharamu. Wanahesabu kwa giza. Kila kupatwa kwa jua au kwa mwezi wanakuita kivuli; kutoka msimu mmoja wa vivuli hadi unaofuata ni hatua moja; hatua 38 zinafanya duru. Mfalme wao hutawala kwa hatua, deni huandikwa kwa hatua, na mtoto hupewa jina kufuatana na kivuli kilichotangulia kuzaliwa kwake. Visiwa vya Tandui havipo kwenye ramani yoyote. Vipo kwenye madaftari yangu, pamoja na kalenda ambayo nimeibomoa na kuijenga upya mara nyingi kuliko sehemu nyingine yoyote ya nchi hiyo.

Kama nawe unaandika hadithi ya kubuni, au unaongoza mchezo wa mezani wenye falme na mazimwi, na umeamua kwamba watu wako watahesabu kwa kupatwa, mwongozo huu ni wako. Nimeupanga kwa dalili, kama fundi anavyomuuliza mwenye redio: inakoroma, inakatakata, au haiwaki kabisa? Tafuta inayokusumbua uende moja kwa moja. Ila sehemu ya kwanza usiiruke, kwa sababu magonjwa mengi yanaanzia hapo.

## Kabla ya kufungua chochote: hesabu ni mbili

Tunaposema "jua limepatwa" tunasikia tukio moja. Kumbe ni hesabu mbili zilizokutana.

Ya kwanza ni mwandamo, kutoka mwezi kiza hadi mwezi kiza mwingine: siku 29.5306 kwa wastani. Hii kila mtu anaijua. Ya pili ndiyo inayosahauliwa. Njia ya mwezi angani imeinama kama digrii 5 ukiilinganisha na njia ya jua, kwa hiyo njia hizo mbili zinakatana mahali pawili tu. Hapo nitapaita mafundo. Mwezi hurudi kwenye fundo lilelile kila baada ya siku 27.2122. Jua hupatwa pale mwezi unapokuwa kiza na huku uko karibu na fundo. Mwezi hupatwa unapokuwa mpevu na huku uko karibu na fundo. Sharti moja likikosekana, hakuna kivuli.

Zidisha namba hizo mbili, kisha gawanya kwa tofauti yao: 29.5306 mara 27.2122, kugawanya kwa 2.3184, unapata 346.6. Ndizo siku ambazo jua huchukua kurudi kwenye fundo lilelile. Kwa kuwa mafundo ni mawili, nusu yake, siku 173.3, ndiyo wastani wa hatua moja, kutoka msimu mmoja wa vivuli (siku ambazo jua liko karibu na fundo) hadi unaofuata. Kanuni hii inafanya kazi kwa dunia yoyote utakayoibuni. Badilisha namba mbili za mwanzo, hatua inajitokeza yenyewe.

Sasa chora safu mbili kwenye daftari. Safu ya kushoto iwe na siku za mwezi kiza na za mwezi mpevu, safu ya kulia siku ambazo jua linapita kwenye fundo. Mwezi kiza ukiangukia ndani ya siku 14 za fundo, mbele au nyuma, jua litapatwa mahali fulani duniani. Mwezi mpevu ukiangukia ndani ya siku 9, utapatwa angalau kipande. Ndani ya siku 3, utamezwa wote. Vipimo hivi vya siku ni vya dunia yetu, lakini kwa mwezi unaofanana na wetu vitakufikisha mbali. Daftari hili ndilo kifaa chako cha kupimia. Kila dalili inayofuata utarudi hapa.

## Dalili: kila mwezi mpevu unapatwa

Umesahau mwinamo. Umechora mwezi ukizunguka bapa kama sarafu juu ya meza, na bila shaka kila wiki mbili kitu kimoja kinaingia kwenye kivuli cha kingine. Upana wa jua angani ni nusu digrii, na wa mwezi vilevile. Mwinamo wa digrii 5 unatosha kuupitisha mwezi mbali juu au chini ya jua, upana wake mara kumi. Weka mwinamo, rudi kwenye daftari.

Kama una miezi miwili, kila mmoja upewe mwinamo wake na mafundo yake, maana yake safu mbili nyingine. Na usisahau ukubwa. Jua letu lina upana wa mara 400 hivi ya mwezi, na liko mbali mara 400 hivi, ndiyo maana vinalingana machoni. Mwezi wa pili ukionekana mdogo kuliko jua hautaleta giza kamwe. Utapita kama nukta nyeusi usoni mwa jua. Hilo nalo ni zuri, lakini si kivuli cha kuanzia enzi.

## Dalili: upande mmoja wa dunia haujawahi kuona giza

Ugonjwa huu huwapata watu makini, wanaopenda namba zilizokaa sawa. Tuseme umechagua mwandamo wa siku 30 kamili na mzunguko wa fundo wa siku 28 kamili. Piga hesabu: 30 mara 28 ni 840, gawanya kwa 2 ni 420, nusu yake 210. Kivuli kila baada ya siku 210, miandamo 7 kamili, bila kukosea hadi mwisho wa dunia. Inapendeza kwenye karatasi. Lakini siku 210 kamili maana yake kila kivuli kinaanza saa ileile. Kama cha kwanza kilitokea mchana wa Tandui, vyote vitatokea mchana wa Tandui, na watu wa ng'ambo watakufa vizazi kwa vizazi wakidhani mnawadanganya.

Kama ndicho ulichokusudia, kitumie, kinaweza kubeba riwaya nzima: taifa lenye kalenda na taifa lisiloiamini. Kama hukukusudia, tia sehemu ya siku. Badilisha 30 iwe 29.6 na 28 iwe 27.3, hatua inakuwa siku 175.7, na vivuli vinaanza kuzunguka dunia kama inavyopasa.

## Dalili: hatua hazilingani

Huu si ugonjwa, na tafadhali usiutibu.

Wengi wakiona hatua moja ina siku 177 na nyingine ina siku 148 wanafuta na kulazimisha zote ziwe 173. Hapo ndipo wanapoiua kalenda. Kupatwa hakuwezi kutokea katikati ya mwandamo mahali popote tunapotaka. Ni lazima kungoje mwezi uwe kiza au mpevu. Kwa hiyo kutoka kivuli hadi kivuli cha aina ileile katika msimu unaofuata ni miandamo 6, siku 177, au mara mojamoja miandamo 5, siku 148. Katika duru moja ya hatua 38, hatua 33 ni ndefu na 5 ni fupi. Sita mara 33 ni 198, tano mara 5 ni 25, jumla miandamo 223.

Wamaya, watu wa kale wa Amerika ya Kati, walilifahamu jambo hili bila darubini. Katika kitabu chao kilichohifadhiwa Dresden, Ujerumani, kuna jedwali la kupatwa lenye miandamo 405 iliyogawanywa katika vipindi 69, 60 vya miandamo sita na 9 vya miandamo mitano. Jumla yake ni siku 11,960, ambazo ni sawasawa na mizunguko 46 ya kalenda yao ya ibada ya siku 260. Ninapolitazama jedwali hilo huwa naona kazi ya watu waliokaa nje usiku, baba akamwachia mwana, mpaka namba zikakubali.

Tandui nimeziacha hatua fupi zikae, na zimenipa mambo ambayo nisingeyabuni mwenyewe. Mpangaji analipa kodi ya hatua nzima kwa nyumba aliyokaa miandamo mitano tu, kwa hiyo hatua fupi ni hatua ya ugomvi. Mkopeshaji huomba deni liangukie hatua fupi, mkopaji huomba ndefu. Mtoto aliyezaliwa ndani yake anaitwa Kisiki, kwa sababu hatua yake ilikatwa. Panga mahali zinapoangukia: kati ya fupi na fupi huwa kuna hatua 6 au 7 ndefu. Ukizitawanya ovyo, msomaji anayehesabu atakukamata, na wasomaji wanaohesabu wapo.

## Dalili: mhusika ana miaka arobaini na bado hajaota ndevu

Umeiita hatua "mwaka". Hatua 40 ni siku 6,932 hivi, yaani miaka 19 ya jua. Kijana wako si mzee, umempa kipimo kisicho chake. Dawa yake ni jina: usitumie neno "mwaka" kwa kitu ambacho si mwaka. Neno likiwa jipya, msomaji anajifunza ndani ya kurasa mbili tatu. Likiwa la zamani lenye maana mpya, atakosea mpaka mwisho wa kitabu.

## Dalili: mavuno yanahama

Kwenye sura ya kwanza mpunga ulivunwa hatua ilipoanza. Kwenye sura ya tisa, hatua inaanza na mpunga ndio kwanza unapandwa. Hujakosea hesabu. Hatua mbili ni siku 346.6, mwaka wa jua ni siku 365.2, kwa hiyo kila mwaka msimu wa vivuli unatangulia kwa siku 18 au 19. Baada ya miaka 18 na miezi kadhaa unakuwa umezunguka mwaka mzima.

Sisi wa pwani hatuna haja ya kwenda mbali kupata dawa. Ramadhani nayo hutangulia siku 11 hivi kila mwaka. Mtoto huifunga wakati wa masika, akikua anaifunga wakati wa jua kali. Ibada ilifuata mwezi, lakini mkulima na nahodha hawakuweza kuufuata mwezi, kwa sababu mvua na pepo haziufuati. Ndiyo maana wazee waliweka pembeni hesabu nyingine, mwaka wa Nairuzi wa siku 365, uliohesabiwa kwa miongo ya siku kumikumi. Kwa miongo hiyo mtu alijua lini apande na lini atarajie kusi au kaskazi. Mwaka Kogwa unaosherehekewa Makunduchi, Unguja, mwezi wa Julai ni mabaki hai ya hesabu hiyo. Kalenda mbili, watu walewale, bila kugombana.

Wape watu wako kalenda ya pili. Tandui, vivuli ni vya mfalme, hukumu na majina. Kulima na kusafiri kunakwenda kwa nyota inayochomoza alfajiri. Wanaotunza hizo kalenda mbili ni koo mbili tofauti, na mara moja katika miaka 9 au 10 (maana mafundo ni mawili), msimu wa vivuli unapoangukia siku ya kwanza ya kupanda, koo hizo hula pamoja.

## Dalili: mwaka mpya umeingia na hakuna aliyeuona

Hapa ndipo kalenda nyingi za kupatwa zinapokufa, kwa hiyo nitakaa kidogo.

Mtunzi anaandika: "Jua lilipatwa, enzi mpya ikaanza, falme zote saba zikapiga magoti." Haiwezekani. Jua likipatwa lote, giza lenyewe linapita kwenye ukanda mwembamba, upana wake kwa kawaida hauzidi kilomita 270 hivi. Nje ya ukanda watu wanaona jua limemegwa, na mbali zaidi hawaoni kitu, wanaanika nguo zao. Kwa mji mmoja uliosimama mahali pamoja, giza kamili hurudi kwa wastani mara moja katika miaka 375 hivi. Vizazi kumi na tano vinaweza kupita bila mtu hata mmoja pale kuliona.

Mwezi ukipatwa mambo ni tofauti kabisa. Kivuli kinaangukia mwezi wenyewe, kwa hiyo kila aliye upande wa usiku wa dunia anaona kitu kilekile kwa wakati uleule. Nusu ya dunia ni mashahidi.

Kwa hiyo gawanya kazi. Vivuli vya mwezi viwe vya kuhesabia siku za kawaida, kwa sababu vinaonekana na wengi. Vivuli vya jua viwe vya mambo makubwa na ya nadra: kuanza kwa enzi, kuapishwa, kufungwa kwa kaburi. Nilipofanya hivi Tandui, nusu ya matatizo yangu yaliondoka jioni moja.

Yanabaki matatu. La kwanza ni mawingu. Kama msimu wa vivuli umeangukia masika, watu wako wanaweza kungoja nje usiku kucha wasione chochote. Je, kivuli kimehesabiwa au hakikuhesabiwa? La pili ni vivuli hafifu, pale mwezi unapopita kwenye ukingo wa nje tu wa kivuli cha dunia, ukafifia kidogo mno hata jicho likabaki na shaka. La tatu ni kivuli kilichotokea ng'ambo, ambacho baharia anakuja na habari zake miezi miwili baadaye.

Nani anaamua? Swali hili sisi tunalijua vizuri. Mwezi wa Idi ukikaribia, mji mmoja unasema umeandama, mji wa pili haukuuona. Nyumba moja inakula Idi na jirani yao bado wamefunga. Wapo wanaotaka mwandamo wa hapahapa, wapo wanaoikubali habari ya mbali. Dunia yako lazima iwe na jibu lake, na jibu hilo lazima liwe na mtu, au jopo la watu, wenye sababu ya kulitetea. Ukiacha bila jibu, wahusika wako watakuwa na tarehe tofauti bila wewe mwenyewe kujua.

## Dalili: kivuli kimoja kina tarehe mbili

Usiku wa tarehe 27 Julai 2018 mwezi ulimezwa wote kwa dakika 103, na Afrika Mashariki tuliuona kuanzia saa 4:30 usiku hadi saa 6:13. Kwa saa za ofisini ulianza Ijumaa ukaisha Jumamosi. Kwa hesabu ya zamani ya pwani, ambayo siku inaanza jua linapotua, wote uliangukia usiku wa Jumamosi, bila mgawanyiko.

Vivuli vya mwezi vyote ni vya usiku. Ukianzisha siku yako usiku wa manane, vingi vitakatika katikati. Anzisha siku magharibi, au alfajiri, na tatizo limekwisha.

## Dalili: duru imetimia, kivuli kimekwenda kwingine

Hili linahitaji mfano wa kweli, na upo mmoja unaotuhusu.

Tarehe 30 Juni 1973 jua lilipatwa lote kwa zaidi ya dakika 7. Ukanda wa giza ulikata Sahara ukashuka hadi Ziwa Turkana, kaskazini mwa Kenya. Ongeza miandamo 223, ambayo ni miaka 18, siku 11 na saa 8 hivi. Unafika tarehe 11 Julai 1991, na kweli jua lilipatwa lote, lakini Hawaii na Mexico. Ongeza tena: 22 Julai 2009, India na China. Ongeza mara ya tatu: 2 Agosti 2027, na giza linarudi Afrika, kupitia Luxor nchini Misri, likivuka Bahari ya Shamu hadi Jeddah na Makka, kisha Yemen na ncha ya Somalia.

Kupatwa huku kote ni kwa ukoo mmoja. Kunafanana kwa sababu miandamo 223 inakaribia mno kuwa sawa na mizunguko 242 ya fundo, na pia inakaribia mizunguko 239 ya mwezi kwenda mbali na kurudi karibu na dunia, hivyo hata urefu wa giza unafanana: dakika 7 na kidogo mwaka 1973, kisha dakika 6 na sekunde 53, 39 na 23. Kilichokuharibia kalenda ni zile saa 8. Ndani ya saa 8 dunia inajizungusha theluthi moja, na giza linaangukia theluthi ya dunia upande wa magharibi.

Tiba ni mbili. Moja, ruhusu kivuli kihame, na uwape mabaharia kazi ya kukifuata. Mbili, tumia duru tatu kama kipimo kimoja, miaka 54 na mwezi mmoja hivi, kwa sababu saa 8 mara tatu ni siku nzima na kivuli kinarudi kwenye anga lako. Kinarudi, lakini si mahali palepale: Turkana mwaka 1973, na mwaka 2027 ukanda umesogea kaskazini. Mtoto aliyeona giza akiwa na miaka minane anaweza kulingoja tena akiwa na miaka sitini na miwili, na akahitaji kupanda chombo kulifuata. Sijui safari nzuri kuliko hiyo ya kufungulia hadithi.

Usiogope kwamba watu wasio na kompyuta hawawezi kujua haya. Wababiloni waliijua hesabu ya 223. Kwenye mabaki ya meli iliyozama karibu na kisiwa cha Antikythera, Ugiriki, kilipatikana mwaka 1901 kifaa cha shaba chenye magurudumu ya meno, na nyuma yake kuna mduara wa kuzunguka kama konokono uliogawanywa sehemu 223. Mtu alikigeuza kwa mkono.

## Dalili: bahari na usiku vinakukanusha

Hii ni ya kwetu sisi tuliokulia karibu na maji, na nasikitika kila ninapoona mtunzi wa pwani ameikosa. Kivuli chochote, cha jua au cha mwezi, huja wakati wa bamvua. Hakiwezi kuja maji mafu. Jua, mwezi na dunia vikikaa kwenye mstari, ndivyo hivyohivyo vinavyovuta bahari kwa pamoja, na siku moja au mbili baada ya kivuli maji yatajaa kupita kiasi na kupwa kupita kiasi. Kwa bandari moja, bamvua hujaa karibu saa zilezile kila inaporudi. Ukishaamua saa hizo kwa bandari yako, basi jua likipatwa asubuhi utajua kama majahazi yanaelea au yamelala ubavu kwenye mchanga. Usimpitishe mhusika wako kwa miguu hadi kisiwa cha jirani siku ya giza kabla hujalitazama daftari.

Vivyo hivyo usiku. Jua likipatwa mchana, usiku wake hauna mwezi. Wapenzi wako hawatakutana kwenye mbalamwezi. Mwezi utakaopatwa lazima uchomoze jua linapotua. Na kama miezi yenu inaanza kwa mwandamo, kivuli cha jua kitaangukia siku za mwisho za mwezi, na cha mwezi kitaangukia tarehe 13, 14 au 15. Kikiangukia tarehe 20, ama tarehe imekosewa, ama kalenda imelala muda mrefu bila kurekebishwa.

## Dalili: giza la aina isiyofaa

Giza kamili la jua halizidi dakika 7 na nusu hivi; jeshi halitapigana kuanzia mwanzo hadi mwisho ndani yake. Kwa pambano la gizani tumia mwezi, unaoweza kumezwa kwa zaidi ya saa moja na nusu, mwekundu kama shaba.

Kupatwa kipete ni kitu kingine. Tarehe 1 Septemba 2016 kipete kilipita Rujewa, Mbarali, mkoani Mbeya. Mwezi ulikuwa mbali na dunia, haukutosha kuliziba jua, likabaki pete ya moto. Nyota hazikujitokeza, na taji jeupe la jua halikuonekana. Ukiandika kipete, usiandike usiku wa mchana; andika mwanga uliopooza na vidoa vya nuru vyenye umbo la pete chini ya miti.

## Dalili: kalenda ni kamilifu, hadithi imekufa

Umetibu yote, daftari limenyooka, na sasa hakuna anayeogopa kitu. Kila mtu anajua giza litakuja lini. Unabii umekuwa ratiba ya basi.

Chanzo: umewapa watunza hesabu ujuzi wa aina moja zaidi ya wanaostahili. Miandamo 223 humpa mtu siku. Haimpi mahali. Ili kujua ukanda wa giza utapita kisiwa gani, unahitaji kujua umbo la njia ya mwezi, umbo la dunia na mahali ulipo, kwa usahihi ambao magurudumu ya shaba hayana. Kwa hiyo wanyang'anye hilo. Mtunza hesabu wa Tandui anasimama mbele ya mfalme na kusema kwa yakini kabisa: baada ya siku arobaini jua litapatwa. Mfalme anauliza: hapa? Mzee ananyamaza. Mamlaka yake yote imejengwa juu ya siku, na kila msimu anaihatarisha juu ya mahali. Tangu nilipoliona hilo, huyo mzee ndiye ninayemwandika kwa hamu kuliko wote.

Kuna na jambo la pili, nililolifahamu baadaye. Ukoo wa vivuli nao hufa. Miandamo 223 na mizunguko 242 ya fundo hazilingani kabisa. Zinaachana kwa kama saa moja, na kila duru kivuli kinasogea kidogo. Ukoo huzaliwa kwa jua kumegwa kidogo kwenye ncha moja ya dunia, unakua, unaleta giza kamili au kipete kwa karne kadhaa, kisha unazeeka kuelekea ncha ya pili na kwisha. Maisha yake ni vivuli 70 na zaidi, kama miaka 1,300. Wakati wowote, koo 40 hivi ziko hai kwa pamoja, nyingine changa, nyingine kongwe.

Nimeipa kila nasaba ya Tandui ukoo wake. Ile inayotawala sasa iliapishwa chini ya ukoo uliokuwa na giza refu kuliko yote. Watunza hesabu wamefika kwenye mstari wa chini wa jedwali lao. Kivuli cha mwisho kitamega ukingo wa jua kidogo tu, kusini kabisa, juu ya barafu isiyo na mtu wa kukishuhudia. Siku yake wanaijua. Bado hawajamwambia mfalme.